Kipande Kinachokatika: Kisa cha Lena Horne na MGM

Mwaka 1946 studio ya MGM ilitoa filamu ya Till the Clouds Roll By, inayosimulia maisha ya mtunzi wa muziki Jerome Kern. Mwanzoni tunapelekwa ukumbini kutazama Show Boat, mchezo wa muziki wa mwaka 1927, uliofupishwa hadi ukaenea ndani ya filamu nyingine. Humo anatokea Lena Horne, mwimbaji mweusi wa Marekani. Yeye ndiye Julie, na anaimba "Can't Help Lovin' Dat Man". Anaimba ametulia tuli, kama mtu anayekumbuka jambo ambalo hana nia ya kumweleza yeyote. Ukishamwona pale ni kazi kumfikiria Julie mwingine.

Mwaka 1951 studio hiyohiyo ikaitengeneza Show Boat nzima, kwa rangi, na Julie akawa Ava Gardner, mzungu wa North Carolina. Wakubwa hawakuridhika na sauti ya Ava, wakamleta Annette Warren aimbe, Ava achezeshe midomo tu. Nafasi ambayo Lena aliijaza peke yake, uso na sauti, ikagawiwa wanawake 2 weupe.

Na Julie mwenyewe ni nani? Ni mwimbaji wa meli ya maonyesho inayopanda na kushuka mto Mississippi. Watu wanamjua kuwa mzungu, ana mume mzungu, mpaka siku inapofichuka kwamba ana damu ya Kiafrika. Kwa sheria ya Mississippi ndoa yake ni kosa la jinai, naye anafukuzwa kazini. Kisa kizima kinahusu mwanamke aliyenyimwa jukwaa kwa sababu ya asili yake. Halafu mwimbaji mwenye asili hiyo, aliye umbali wa hatua chache kutoka mlango wa studio, akanyimwa kumwigiza.

Kwa kawaida hadithi hii husimuliwa kwa mstari mmoja: Hollywood ilikuwa na ubaguzi, Lena akaporwa nafasi. Ubaguzi ulikuwepo, sibishani na hilo. Lakini mstari huo unaturusha haraka mno mahali ambapo panapaswa kuangaliwa kwa utulivu. MGM haikumfungia Lena mlango. Ilimwajiri, ikamlipa, ikampamba, ikampiga picha kwa mwanga mzuri kuliko waigizaji wengi wa wakati ule. Kisha ikampa kazi iliyoundwa kwa namna ambayo angeweza kuondolewa kwenye kila filamu bila mtazamaji kujua kuwa kuna kitu kimetoka. Huo utaratibu ndio ninaotaka kuufungua.

Mkataba wa 1942

Lena Mary Calhoun Horne alizaliwa Brooklyn, New York, tarehe 30 Juni 1917. Bibi yake, Cora Calhoun Horne, alikuwa mwanachama hodari wa NAACP, chama cha kutetea haki za watu weusi, na Oktoba 1919 picha ya Lena, mtoto wa miaka 2, ilitokea kwenye jarida la chama hicho kama mmoja wa wanachama wake wadogo kabisa. Mama yake alikuwa mwigizaji wa vikundi vya kuzunguka, baba yake mtu wa kamari. Akiwa na miaka 16 aliingia Cotton Club ya Harlem, ukumbi ambao wachezaji wote walikuwa weusi na wateja wote weupe. Akaimba na bendi ya Noble Sissle, akaolewa, akapata watoto 2, ndoa ikavunjika, akaimba na bendi ya Charlie Barnet. Mwaka 1941 alikuwa akiimba Café Society, klabu ya New York ambayo weusi na weupe walikaa meza moja, jambo ambalo hata New York lilikuwa nadra.

Mwaka uliofuata alikuwa Los Angeles, akiimba kwenye klabu ndogo iitwayo Little Troc. Roger Edens wa MGM alimsikia, akamfikisha kwa mtayarishaji Arthur Freed, naye akamfikisha kwa mkuu wa studio, Louis B. Mayer. Walter White, kiongozi wa NAACP, alikuwa akizisukuma studio ziache kuwaonyesha watu weusi kama wapishi na mabaradhuli tu, akaona kwa Lena nafasi ya kuanzia. Baba yake Lena naye akaja kikaoni, amevaa vizuri, akamwambia Mayer bila kupepesa kwamba kama binti yake angehitaji mtumishi wa nyumbani, yeye baba mtu ana uwezo wa kumwajiria. Haoni sababu ya binti huyo kuigiza utumishi. Nikifikiria baba mweusi wa mwaka 1942 akisema hayo ofisini kwa Mayer, nasikia fahari hata leo.

Mkataba ukatiwa saini: miaka 7, bila nafasi za utumishi wala za vichekesho vya msituni. Mara nyingi huandikwa kwamba yeye ndiye mweusi wa kwanza kupewa mkataba mrefu na studio kubwa. Hapo pana kosa. MGM hiyohiyo ilimpa Nina Mae McKinney mkataba wa miaka 5 baada ya filamu ya Hallelujah ya mwaka 1929, kisha ikakaa naye bila kujua imfanyie nini. Kabla Lena hajaingia, studio ilikuwa imekwisha kuonyesha itakavyomtendea.

Mkataba ulitaja mambo ambayo Lena hangefanya. Haukutaja hata moja ambalo studio ilipaswa kumpa alifanye. Ukiondoa utumishi na vichekesho, kilichobaki kwa mwanamke mweusi katika hadithi za Hollywood za miaka ile kilikuwa karibu na sifuri, kwa sababu kanuni za maadili za studio, zilizoanza kubana kikweli mwaka 1934, zilikataza waziwazi mapenzi kati ya weusi na weupe. Filamu za muziki za MGM zilikuwa hadithi za mapenzi, na wanaume wake karibu wote walikuwa weupe. Lena angempenda nani?

Rangi ya kupaka

Jaribio lake la kwanza mbele ya kamera lilikuwa kwa ajili ya filamu ya Cairo, pamoja na mchekeshaji Eddie Anderson. Mafundi wa vipodozi wakagundua kwamba ngozi ya Lena ilikuwa na weupe uliomfanya aonekane mzungu kando ya Anderson. Wakampaka rangi nyeusi zaidi, jaribio likaharibika, nafasi ikaenda kwa Ethel Waters. Baada ya hapo kampuni ya Max Factor ilitengeneza rangi maalumu kwa ajili yake, ikaitwa Light Egyptian, yaani Mmisri mweupe-weupe. Lena alisimulia mara nyingi, kwa uchungu usiofichika, kwamba rangi hiyohiyo ndiyo baadaye ikapakwa waigizaji wazungu walipopewa nafasi za wanawake wenye damu ya mchanganyiko, Ava Gardner akiwemo.

Wakati huohuo kulikuwa na shinikizo jingine, la kumtaka ajiite Mlatini. Angebadili jina, asili ikafichwa, nafasi zikaja. Alikataa. Kwa hiyo studio ilikuwa na mwanamke ambaye uso wake ulionekana mweupe mno kumwigiza mweusi, na ambaye alikataa kusema yeye si mweusi.

Futi 270

Filamu ya sinema ya milimita 35 hupita mbele ya taa kwa mwendo wa picha 24 kila sekunde, ambazo ni futi 90 kila dakika. Wimbo wa dakika 3 ni futi 270 za mkanda. Anayetaka kuuondoa anatafuta mstari kati ya picha ya mwisho ya onyesho lililotangulia na picha ya kwanza ya wimbo, anakata hapo. Anakwenda mwisho wa wimbo, anakata tena. Anakwangua ukingo, anapaka gundi, anabana ncha 2 zishikane. Mwenye mkono mwepesi hiyo ni kazi ya dakika chache.

Ugumu uko kwenye sauti. Sauti imechapwa kama mchirizi pembeni mwa mkanda, na iko mbele ya picha yake kwa takriban picha 20. Ukikata katikati ya mazungumzo, unamkata mtu neno mdomoni, na sinema nzima inashtuka. Ukikata mahali ambapo wahusika wanatazamana, mmoja anabaki akimtazama asiyekuwepo. Ndiyo maana si kila kitu kinakatika kwenye filamu. Ili kipande kitoke salama lazima kiwe na mpaka safi mbele na nyuma, kisiwe na mhusika mkuu ndani yake, na kisibebe habari yoyote inayohitajika baadaye.

Sasa tazama filamu za Lena za MGM ukiwa na jambo hilo kichwani. Thousands Cheer ya 1943: pazia, Lena anaimba "Honeysuckle Rose" na bendi ya Benny Carter, makofi, basi. Two Girls and a Sailor ya 1944: vivyo hivyo. Ziegfeld Follies, anaimba "Love", ndani ya onyesho lake lililofungwa kama sanduku. Words and Music ya 1948, nyimbo 2 na kwaheri. Duchess of Idaho ya 1950, wimbo, kisha anapotea. Mara nyingi hana hata jina la mhusika. Anatambulishwa kwa jina lake mwenyewe, kama mgeni aliyepita kusalimia. Nyota wa filamu humtazama kutoka mezani, lakini meza hiyo imepigwa picha yake peke yake. Ukiona vyaelea, vimeundwa. Mtu aliketi akapanga mipaka ile.

Miaka ya baadaye Lena alijifananisha na kipepeo aliyebandikwa kwenye nguzo, kwa sababu mara nyingi walimsimamisha ameegemea nguzo akiimba. Nilipozitazama hizo filamu mfululizo ndipo nilipoelewa kwamba hakuwa akitia chumvi. Nguzo zipo.

Waliokata walikuwa nani? Anayejulikana kuliko wote ni Lloyd Binford, mwenyekiti wa bodi ya ukaguzi wa filamu ya mji wa Memphis, Tennessee, kuanzia 1928 hadi 1955. Binford alizuia au kukata filamu zilizowaonyesha weusi wakiwa sawa na weupe au wakiwa na hadhi yoyote, na vipande vya Lena vilikuwa miongoni mwa alivyoviondoa. Nguvu zake zilikuwa za kisheria. Mwaka 1915 Mahakama Kuu ya Marekani iliamua kwamba filamu ni biashara, hailindwi kama uhuru wa kusema, kwa hiyo kila mji na jimbo likaweza kuwa na bodi yake. Hali hiyo haikuanza kulegea mpaka uamuzi mwingine wa mahakama hiyohiyo mwaka 1952. Lakini mtu mmoja wa Memphis hakuwa na uwezo wa kuipangia MGM namna ya kutengeneza filamu. Studio ndiyo iliyomrahisishia. Ilitaka soko la majimbo ya Kusini na ilitaka sifa ya kuwa na Lena, na kipande kinachokatika kiliipa vyote viwili. New York walimwona, Memphis hawakumwona, na tiketi zikauzwa kote kuwili. Hakuna aliyelazimika kuchagua isipokuwa yeye, naye hakuwa na cha kuchagua.

Filamu ambazo hangeweza kukatwa zilikuwa 2, zote za mwaka 1943, na zote waigizaji wake ni weusi watupu. Cabin in the Sky, filamu ya kwanza ya mwongozaji Vincente Minnelli, ambamo Lena ni Georgia Brown, mrembo anayetumwa na shetani kumpotosha mume wa Ethel Waters. Na Stormy Weather, ambayo MGM ilimwazima kwa studio ya 20th Century Fox acheze na Bill Robinson, Cab Calloway, ndugu wawili wacheza dansi akina Nicholas na kikundi cha dansi cha Katherine Dunham. Pale anaimba dirishani, mvua na radi nje, na kamera inapenya dirisha kufuata wachezaji wa Dunham mtaani. Hapo unaona alichokuwa na uwezo nacho: anacheka, anachokoza, anasubiri mwenzake amalize kusema. Anaigiza. Lakini hata katika Cabin in the Sky wimbo mmoja uliondolewa, "Ain't It the Truth", ambao aliuimba akiwa ndani ya beseni la kuogea lililojaa povu. Mwanamke mweusi kwenye povu ilionekana ni kuvuka mpaka. Ushike huo wimbo, nitaurudia.

Wenzake walivyomwona

Waigizaji weusi wa Hollywood hawakumpokea kwa vigelegele. Wengi wao waliishi kwa nafasi zilezile za upishi na utumishi ambazo Walter White alitaka zife, na kwao Lena alikuwa msichana wa New York aliyeletwa kuwamwagia unga wao. Waliitisha mkutano, akalaumiwa mbele za watu. Aliyemshika mkono alikuwa Hattie McDaniel, mwanamke ambaye jina lake lilitajwa kama mfano wa yote yaliyolalamikiwa, na ambaye mwaka 1940 alipata tuzo ya Oscar kwa kuigiza mtumishi. Alimwita Lena nyumbani kwake, akamweleza hali ya kazi ilivyo, akamkumbusha kwamba ana watoto 2 wa kulisha. Mtu mwenye haki kamili ya kununa akaamua kuwa dada mkubwa. Katika kisa chote hiki hakuna tendo linalonigusa kuliko hilo.

Lena alitaka kurudi New York. Count Basie, kiongozi wa bendi ya jazz, ndiye aliyemzuia: watu wetu hawachaguliwi, wewe umechaguliwa, huna ruhusa ya kuondoka. Ndivyo alivyosimulia ushauri ule, na ndivyo alivyobaki. Mzigo huo hauonekani kwenye filamu. Alikuwa na miaka 25 na kila alichokataa au kukubali kilihesabiwa kwa niaba ya watu milioni kadhaa.

Wakati wa vita wanajeshi weusi walibandika picha yake kwenye kuta za mabweni. Katika ziara moja ya kambi za jeshi alikuta wafungwa wa kivita wa Kijerumani wameketishwa mbele, na wanajeshi weusi wa Marekani nyuma yao. Aliteremka jukwaani, akawapita Wajerumani, akasimama mbele ya weusi, akawaimbia huku akiwapa wafungwa mgongo. Akaenda kushtaki kwa NAACP. Studio haikufurahi, na ziara zake zilizofuata alizilipia mwenyewe. Hapo hakuna aliyeweza kumkata.

Julie, kwa mara nyingine

Je, aliporwa nafasi ya Julie? Aliitaka, na hakuficha. Ila ninapoweka tarehe mezani, naona ilikuwa mbali naye kuliko tunavyopenda kuamini. Julie alikuwa akichezwa na wazungu tangu siku ya kwanza: Helen Morgan jukwaani mwaka 1927, na Helen Morgan tena kwenye filamu ya mwaka 1936. Ndoa ya Julie na mume mzungu ilivumilika kwenye skrini kwa sababu kila mtazamaji alijua kuwa mwigizaji ni mzungu. Angekuwa Lena, busu lingekuwa busu kweli mbele ya kanuni, na kifungu kile hakikuondolewa mpaka 1956. Fox ilifanya hivyohivyo mwaka 1949 katika Pinky, hadithi ya mwanamke mweusi anayejipitisha kama mzungu: ikamchukua Jeanne Crain.

Tena fikiria kiufundi. Julie hakatiki. Yeye ndiye fundo la hadithi. Mtoe, na Show Boat haina maana. Onyesho la 1946 liliwezekana kwa sababu lilikuwa wimbo mmoja ndani ya onyesho ndani ya filamu, kitu kinachotoka kwa mikato 2. Miaka 9 ya kumjenga Lena kama kipande kinachokatika haikuwa maandalizi ya kumpa nafasi isiyokatika. Kwa hiyo naona nafasi haikupokonywa mkononi mwake. Ilikuwa kwenye rafu ambayo ngazi yake haikujengwa.

Na kulikuwa na mambo mengine mwaka 1950. Mwezi Juni jina lake lilitokea katika Red Channels, kijitabu kilichotaja wasanii wanaoshukiwa ukomunisti. Kosa lake lilikuwa urafiki na mwimbaji Paul Robeson na mwanazuoni W. E. B. Du Bois, wote watetezi wa haki za weusi, na kuunga mkono makundi ya haki. Redio na televisheni zikamfungia kwa miaka. Mwaka huohuo ikatangazwa ndoa yake na Lennie Hayton, mwongoza muziki wa MGM, mzungu. Walikuwa wamefunga Paris Desemba 1947, kwa sababu sheria ya California haikuruhusu ndoa ya namna hiyo mpaka mahakama ilipoibatilisha mwaka 1948. Mwanamke aliyekataliwa kumwigiza Julie alikuwa akiishi maisha ya Julie, ndoa ya siri na yote.

Ava alikuwa rafiki yake. Alijifunza nyimbo za Julie kwa kusikiliza sauti ya Lena, na hakuna mahali nilipomsikia Lena akimlaumu. Hasira yake aliielekeza panapostahili.

Baada ya studio

Klabu zilimpokea. Santuri aliyorekodi akiimba Waldorf-Astoria, New York, mwaka 1957 iliuzwa sana, na mwaka huohuo akaingia Broadway, kwenye kumbi kubwa za michezo za New York, na Jamaica, mchezo wa muziki ulioonyeshwa mara 555. Muziki wake ni wa Harold Arlen na maneno ni ya Yip Harburg, wawili waliotunga "Ain't It the Truth". Waliuweka humo, na Lena akauimba kila usiku mbele ya watu. Juni 1963 alikwenda Jackson, Mississippi, kumuunga mkono Medgar Evers, kiongozi wa NAACP huko, siku chache kabla Evers hajauawa. Kati ya 1970 na 1971 akafiwa na baba, mwana na mume.

Tarehe 12 Mei 1981 akafungua onyesho la peke yake Broadway, The Lady and Her Music. Liliendelea mara 333 na kufungwa siku aliyotimiza miaka 65. Humo aliimba "Stormy Weather" mara 2 kwa usiku mmoja: kwanza kwa upole, kama alivyofundishwa kuiimba kwa ajili ya filamu, kisha baadaye, akiwa ametokwa na jasho, kwa sauti ambayo Hollywood haikuwahi kuirekodi.

Mwaka 1994 MGM ilitoa That's Entertainment! III, mkusanyiko wa hazina zake za muziki, na kumwomba awe mmoja wa wasimulizi. Alikuwa na miaka 76. Aliongea wazi kuhusu miaka ile. Kisha kikaonyeshwa kile kipande kilichoondolewa kwenye Cabin in the Sky zaidi ya miaka 50 nyuma: msichana wa miaka 25 kwenye povu, anaimba "Ain't It the Truth", anacheka.